George Grossmith: uanze na shoo ya mtu mmoja au uanze na opera yenyewe?

Kama unataka kumjua George Grossmith, yule mwimbaji mchekeshaji wa London enzi za Malkia Victoria, njia kubwa ziko mbili. Ya kwanza ni tamthilia ya muziki ya mtu mmoja, yaani mwigizaji mmoja tu yuko jukwaani toka mwanzo mpaka mwisho, anakuwa Grossmith, anasimulia maisha yake na kuimba nyimbo zake huku piano ikimsindikiza. Ipo inayoitwa A Song to Sing, O, mwandishi wake ni Melvyn Morrow wa Australia, ila mengi ntakayosema hapa yanahusu shoo yoyote ya aina hiyo. Ya pili ni kwenda moja kwa moja kwenye opera alizoigiza, zile ambazo maneno yake alitunga W. S. Gilbert na muziki Arthur Sullivan, na katika hizo mi nakuchagulia The Yeomen of the Guard ya mwaka 1888. Kuna na muvi moja na kitabu kimoja pia, vyote ntavigusa.

Msimamo wangu nautoa mapema ili asiye na muda aondoke na jibu: kama nyimbo hizi huzijui kabisa, anza na opera. Kama unazijua hata tatu nne, kimbilia shoo ya mtu mmoja, kwa sababu itakupa kitu ambacho opera haiwezi kukupa hata ikiwa na okestra nzima na kwaya ya watu 40. Wengi wanaanza kinyume, wanaona shoo ya mtu mmoja ni fupi na nyepesi basi ndo mlango wa kuingilia, afu wanatoka wamecheka kidogo na hawajui walichokosa.

Kwanza huyu mtu ni nani. Alizaliwa Islington, London, Desemba 1847. Baba yake, naye akiitwa George Grossmith, alikuwa ripota wa gazeti la The Times na mengine pale mahakama ya Bow Street, na pembeni alikuwa anazunguka kwenye kumbi akitoa mihadhara na vichekesho. Mtoto akarithi kazi zote mbili. Mchana anakaa mahakamani anaandika kesi za walevi na wezi wa mifukoni, jioni anakaa kwenye piano anaigiza watu, na mwaka 1870 ndo akaanza kulipwa kwa hiyo kazi ya jioni. Mi naamini Bow Street ilimfundisha kuliko mwalimu yeyote wa muziki, maana ukisikiliza watu wanajitetea siku nzima unajua mtu anavyobadilisha sauti akidanganya na anavyojikweza akiwa hana kitu, na watu wa namna hiyo hiyo ndo alikuja kuwaigiza baadaye: waziri wa jeshi la majini aliyepanda cheo kwa kukaa ofisini na asiyeijua bahari, jenerali anayejua kila elimu duniani isipokuwa vita, mshairi wa kujifanyisha anayetaka tu kupendwa.

Mwaka 1877 Sullivan akamwita kwenye opera mpya, The Sorcerer. Mwenyewe alishangaa. Alimwambia Gilbert kwamba kwa nafasi ile angedhani wanahitaji mtu mwenye umbo zuri na sauti nzuri, Gilbert akamjibu hapana, hicho ndicho hasa wasichokitaka. Grossmith alikuwa mdogo, mwembamba, sauti ya kawaida, ila ulimi wa ajabu. Kutoka hapo mpaka 1889 kila opera mpya ya hao wawili aliyoifungua yeye ilikuwa na nafasi imeshonwa kwa vipimo vyake: H.M.S. Pinafore, The Pirates of Penzance, Patience, Iolanthe, Princess Ida, The Mikado, Ruddigore, Yeomen.

Tuje kwenye nyimbo sasa, maana hapo ndo tofauti ya kwanza inaonekana.

Nyimbo za Grossmith ni za maneno ya mbio. Noti moja silabi moja, hakuna kuvuta, hakuna kupamba, maneno yanamwagika kama mtangazaji wa mpira redioni mshambuliaji akiwa amebaki na kipa, na bado kila neno lazima lisikike mpaka kiti cha mwisho kule juu. Chukua ule wa ndoto mbaya kwenye Iolanthe ya 1882. Anayeimba ni Lord Chancellor, kigogo wa sheria wa nchi nzima, amempenda binti aliye chini ya ulezi wa mahakama yake na usingizi umegoma. Mwanzo anaimba taratibu kuhusu mapenzi, afu ghafla mbio zinaanza: kichwa kinagonga, kitambaa cha juu ya kitanda kimeteleza vidole vya miguu viko nje, shuka nalo linaondoka kimya kimya, blanketi linawasha. Akipata kausingizi ndo balaa, anaota yuko kwenye boti ya mvuke iliyotoka Harwich, boti yenyewe ni kitu cha katikati ya kibanda kikubwa cha kuogea baharini na behewa dogo sana la daraja la pili, kuna karamu humo ndani, kuna wakili wake anayemwambia ana miaka 11 tu, mara wote wako kwenye baiskeli wanakata mbuga ya Salisbury naye amevaa shati na soksi tu. Anapoamka shingo imekaza, kichwa kiko sakafuni, mguu wa kushoto umekufa ganzi, nzi puani, kiu kali, na anashukuru usiku umeisha na wimbo umeisha.

Kwenye opera, chini ya hayo maneno okestra ya Sullivan inanong'ona tu, fidla zinatambaa chini chini, mpaka unahisi giza la chumba cha kulala. Huo ni muziki wa mtu aliyejua kukaa kimya ili mwenzie asikike. Kwenye shoo ya mtu mmoja giza hilo hulipati, piano ni piano. Badala yake unapata kinywa. Unakaa karibu, ukumbi ni mdogo, unaona mwigizaji anapoiba pumzi, unaona midomo inavyofanya kazi, herufi za t na k na p zinavyopigwa mbele ya meno. Grossmith hakuwa na sauti ya kuwashinda wapiga ala, alikuwa na herufi, na siri hiyo inaonekana vizuri zaidi ukiwa mita tano kutoka kwake kuliko ukiwa ghorofa ya tatu ya jumba la opera. Hapa pointi nampa mtu mmoja.

Ila sasa tuende kwenye wimbo uliolipa shoo ya Morrow jina lake, hapo mizani inageuka.

The Yeomen of the Guard inatokea kwenye Mnara wa London karne ya 16. Jack Point ni mchekeshaji wa kuzunguka mitaani, anatembea na binti anayeitwa Elsie Maynard, wanaimba na kucheza kwa riziki, na anampenda, na hajamuoa. Mama yake Elsie anaumwa, hela hamna. Inatokea nafasi ya Elsie kufungishwa ndoa akiwa amefungwa kitambaa machoni na mfungwa atakayekatwa kichwa ndani ya saa moja, malipo krauni 100, sarafu za wakati huo. Point anakubali, anaona ni saa moja tu, mke atakuwa mjane na wao watakuwa na hela. Mfungwa anatoroka. Unaweza kukisia yaliyobaki.

Kabla ya hayo yote, wanapoingia tu jukwaani wamezingirwa na kundi la watu wanaotaka burudani kwa nguvu, Point na Elsie wanaimba ule wimbo wa kupokezana. Point anasema ana wimbo wa kuimba, Elsie anamuuliza ni wimbo gani, Point anajibu, na kila ubeti unaongeza mstari mmoja mbele afu unarudi kwenye ile mistari ya mwanzo, ya mchekeshaji mwenye huzuni asiyekula wala kunywa kwa sababu ya kumpenda bibi mmoja. Sullivan alihangaika sana kuupatia muziki. Umbo lake lilimkwamisha mpaka ikabidi amuombe Gilbert amuimbie wimbo aliokuwa nao kichwani wakati anaandika, maana Gilbert alikuwa ameujenga juu ya mdundo wa wimbo wa mabaharia. Matokeo yake ni muziki unaosikika wa kale, kama umekuwepo siku zote, chini kuna noti zinazong'ang'ania pale pale bila kuhama na juu maneno yanazidi kurefuka.

Sasa fikiria wimbo huo mwisho wa opera. Mfungwa amerudi, amesamehewa, Elsie amegundua yule aliyempenda ndiye mume aliyefunga naye ndoa bila kumuona, kila mtu anashangilia. Jack Point anaingia. Anaanza: nina wimbo wa kuimba. Na Elsie anamjibu, wimbo ule ule, ila maneno yamebadilika kidogo upande wake, na kwaya nzima imesimama nyuma. Afu Point anaanguka.

Hapo lazima uwe na watu wawili. Lazima umesikia sauti ya Elsie kwenye tendo la kwanza ikiwa na mapenzi ya rafiki, ili uisikie kwenye tendo la pili ikiwa na huruma. Mtu mmoja stejini akiimba huo wimbo peke yake anaimba nusu. Na kwa aliyeiona opera nusu hiyo inauma vibaya sana, kwa sababu upande wa pili uko kimya na wewe kichwani unasikia kinachotakiwa kuwepo pale, unajikuta wewe ndo unamuimbia Elsie. Kwa ambaye hajaiona, ni wimbo mzuri wa zamani basi. Hii ndo sababu yangu kubwa ya kusema opera kwanza. Shoo ya mtu mmoja inakopa kumbukumbu za mtazamaji, na kama huna cha kukopesha unatoka mikono mitupu.

Jambo lingine kuhusu kule kuanguka. Gilbert aliandika tu kwamba Point anaanguka bila fahamu. Hakusema amekufa. Grossmith alikuwa kipenzi cha watu kwa kuchekesha, watu walikuja Savoy, ule ukumbi wa London wa opera hizi, kucheka naye, kwahiyo inasimuliwa kwamba hakuipeleka ile sehemu kwenye kifo kabisa, aliacha nafasi ya kicheko. Waliokuja kumfanya Point afe kweli ni waigizaji waliokuwa wanaicheza opera hiyo mikoani, George Thorne na Henry Lytton, na ndivyo wengi wanavyoicheza mpaka leo. Kwa hiyo ukienda kuangalia Yeomen leo unamuona Point wa Lytton kuliko Point wa Grossmith! Shoo ya mtu mmoja ndiyo pekee inayoweza kusimama na kuuliza: kwanini mtu huyu, kati ya wote, alipopewa nafasi ya kuwaliza watu aliogopa? Opera haiwezi kuuliza hilo, opera inaendelea na safari yake.

Ndo tunaingia kwenye mtu mwenyewe, na hapa opera haina chake kabisa. Ukiangalia opera kumi za Gilbert na Sullivan hutajua chochote kuhusu Grossmith zaidi ya kuhisi kwamba kuna kiatu kimeachwa na kila anayekuja anakivaa. Maisha yake yako kwenye vitabu vyake vya kumbukumbu, A Society Clown cha 1888 na Piano and I cha 1910, na humo kuna vitu vimekaa kama vile viliandikwa vichezwe na mtu mmoja.

Kuna telegramu. Kabla hajaajiriwa kwenye The Sorcerer, wakurugenzi wa kampuni iliyokuwa inaigharamia walimtumia Richard D'Oyly Carte, mwandaaji wa opera hizo, ujumbe wa kumwambia afanye lolote ila asimchukue Grossmith. Carte akamchukua. Kuna chaza. Walipofika kwenye mshahara Grossmith alikuwa anataka guinea tatu (paundi tatu na kidogo) zaidi kwa wiki, Carte akamwambia twende tukale kwanza, wakala chaza na vinywaji vizuri, moyo ukalainika, akakubali kiwango cha chini. Miaka baadaye alipiga hesabu akaandika kwamba chakula kile cha mchana kilimgharimu paundi 1,800 hivi. Mwigizaji mzuri anakupa hiyo kwa dakika mbili, sahani moja mkononi, na umeshaelewa Carte alikuwa mtu wa namna gani na Grossmith alikuwa mtu wa namna gani.

Kuna Gilbert mazoezini. Gilbert alikuwa anapanga kila hatua, hataki mtu aongeze kitu cha kwake. Inasimuliwa kwamba kwenye The Mikado mwigizaji mwenzie Jessie Bond alikuwa anamsukuma Grossmith naye anabiringika chini, Gilbert akamwambia aache, Grossmith akajitetea kwamba anapata kicheko kikubwa, akajibiwa kwamba hata angekalia pai ya nyama angepata kicheko. Mtu mmoja anacheza wote wawili hapo, mwili unabadilika, sauti inashuka inapanda, na hicho ndo Grossmith mwenyewe alichokuwa anafanya kwenye piano usiku baada ya usiku.

Na kuna hofu. Hii watu hawaitarajii. Usiku wa kwanza wa The Mikado, tarehe 14 Machi 1885, Sullivan aliandika kwenye shajara yake kwamba yote yalienda vizuri isipokuwa Grossmith, ambaye woga wake nusura uiharibu kazi nzima. Mtu aliyekuwa anachekesha London yote alikuwa anatetemeka. Mwaka 1887 Ruddigore ilipofunguliwa akaugua ndani ya siku chache tu, kijana Lytton akaingia badala yake. Nikisoma hayo nawaza yule mtoto wa ripota akisimama gizani nyuma ya pazia anasikiliza ukumbi unavyojaa, na naelewa kwanini kuna mwandishi alikaa akaona huyu anastahili jioni yake peke yake.

Sababu nyingine inayofanya mtu mmoja imfae Grossmith kuliko mwimbaji mwingine yeyote wa Savoy ni kwamba maisha yake yenyewe yalikuwa shoo ya mtu mmoja. Agosti 1889 aliondoka Savoy akarudi kwenye piano yake. Akazunguka Uingereza, Ireland, Amerika Kaskazini, yeye na piano na vichekesho vyake basi, mwaka 1890 akaitwa Balmoral, kasri ya kifalme kule Scotland, kumtumbuiza Malkia Victoria, na akawa mtumbuizaji wa peke yake anayependwa kuliko wote Uingereza katika miaka ya 1890. Alitunga nyimbo na vipande vya piano mamia, See Me Dance the Polka ya 1886 ikiwa moja ya zilizovuma. Kwahiyo unapoona mtu mmoja na piano wanamsimulia Grossmith, hawajabana bajeti, wametumia umbo lile lile alilolitumia yeye. Ukifanya tamthilia ya mtu mmoja kuhusu Rutland Barrington, yule mwenzie mnene aliyeigiza Pooh-Bah kwenye The Mikado, utakuwa umelazimisha. Kwa Grossmith inakaa yenyewe.

Nisimpendelee sana mtu mmoja lakini. Shoo hizi zina ugonjwa wao: kusimulia. Mwaka fulani nilifanya hiki, mwaka uliofuata hiki, tarehe baada ya tarehe kama wasifu unasomwa kwenye msiba, wimbo unaingizwa, tunarudi kwenye tarehe. Ukiona dakika ishirini za kwanza mwigizaji anakuhutubia tu na hajawa mtu mwingine hata mara moja, basi skripti ni dhaifu. Nzuri ni ile inayojua anaongea na nani na kwanini leo. Ameketi anafuta meikapu? Anamsubiri mke? Anaongea na marehemu Sullivan? Mkewe Emmeline alifariki 1905, yeye mwenyewe akafia Folkestone Machi 1912 akiwa na miaka 64, na Gilbert alikuwa amekufa miezi tisa tu kabla yake, Mei 1911, ziwani nyumbani kwake akijaribu kumuokoa msichana aliyedhani anazama. Mzee wa Folkestone aliyebaki na marafiki wamekwisha, huyo ana sababu ya kuongea.

Suala la lugha, maana wengi wetu Kiingereza tumekisoma shuleni na hiki ni Kiingereza cha 1880 kinachokimbia. Usijidanganye, maneno mengi yatakupita, na wazungu wenyewe yanawapita. Kwenye opera unaweza kuokolewa na hadithi, mavazi, kwaya, na kumbi nyingi huweka maandishi juu ya jukwaa. Pia maneno yote ya opera hizi hayana hakimiliki tena, yanapatikana mtandaoni bure, yasome kabla, hata wimbo mmoja mmoja kwa siku, afu sikiliza huku unafuata kwa kidole. Kwenye shoo ya mtu mmoja hakuna maandishi ya juu, ila mtu anaongea nawe taratibu katikati ya nyimbo, anakuandaa kwa kinachokuja. Hapa naona wanalingana.

Kwa walio Uingereza, Yeomen na wenzake hupandishwa mara kwa mara. English National Opera walicheza Yeomen mwaka 2022, na kuna tamasha la kimataifa la Gilbert na Sullivan lililoanzia Buxton mwaka 1994 ambako vikundi vya ridhaa vinatoka nchi mbalimbali kuja kuigiza. Shoo za mtu mmoja hazina ratiba ya kudumu, ikitokea karibu na wewe usiahirishe.

Muvi sasa. Topsy-Turvy ya Mike Leigh, 1999, inazidi saa mbili na nusu, ilichukua Oscar mbili, ya mavazi na ya meikapu. Martin Savage ndo Grossmith humo. Ni muvi nzuri sana, mazoezi yanaonyeshwa kwa uvumilivu ambao sijauona kwingine, unaona wimbo wa wasichana watatu unavyojengwa hatua kwa hatua. Ila ni muvi ya Gilbert na Sullivan wanapotengeneza The Mikado, Grossmith yuko pembeni, anatokea kwenye chumba chake cha kuvalia akijidunga sindano na unaachwa ufikirie mwenyewe. Usiiweke badala ya shoo, iweke katikati, ukishaiona opera moja. Na The Mikado yenyewe mi siwaanzishii watu nayo japo ndo maarufu kuliko zote, ilichezwa mara 672 mfululizo pale Savoy. Ni Wajapani wa kuchora, wa dhihaka, na wazungu kupakwa rangi na kuvaa kimono leo kunawaumiza watu kwa haki kabisa, mwaka 2015 kikundi kimoja New York kilifuta shoo yake kwa malalamiko hayo. Mwongozaji Jonathan Miller alilikwepa hilo mwaka 1986 kwa kuihamishia hoteli ya pwani ya Uingereza, nguo nyeupe na nyeusi, Japani hakuna. Ukitaka Mikado tafuta hiyo.

Kitabu ni The Diary of a Nobody, aliandika na mdogo wake Weedon, kilianza vipande vipande kwenye jarida la Punch 1888 kikatoka kitabu 1892. Ni shajara ya karani mmoja wa London, Charles Pooter, anayejiona mtu mkubwa. Ananunua rangi nyekundu anapaka kila kitu ndani ya nyumba mpaka bafu la kuogea, anaingia kwenye maji ya moto, rangi inaachia, anatoa mkono anadhani anatokwa damu mpaka kufa. Hapo unaisikia Bow Street tena, sikio lile lile. Kama huna shoo wala opera karibu yako na una simu tu, anza na hiki, nacho hakina hakimiliki.

La mwisho ni kwa wanaotaka kuigiza, siyo kutazama. Kikundi kidogo hakiwezi Yeomen: unahitaji waimbaji wakuu kama kumi, kwaya, okestra, kiongozi wa muziki anayejua kazi. Mtu mmoja na mpiga piano mnaweza Grossmith. Nyimbo za Gilbert na Sullivan ni huru, zilifunguka mwisho wa 1961, miaka 50 baada ya Gilbert kufa, kabla ya hapo kampuni ya D'Oyly Carte ndo ilikuwa inashikilia kila kitu. Za Grossmith mwenyewe pia ni huru, na vitabu vyake vya kumbukumbu. Skripti ya Morrow au ya mwandishi yeyote wa sasa siyo huru, hiyo lazima uombe ruhusa na ulipe. Mi ningekushauri uandike ya kwako toka kwenye A Society Clown, uchukue telegramu, chaza, mahakama, na nyimbo tatu tu, wa ndoto mbaya ukiwa umeufanyia mazoezi mpaka unauimba unaosha vyombo bila kukosea, na ule wa Jack Point uuache bila piano, noti moja tu ya chini ishikiliwe. Na upande wa Elsie usimwimbie, nyamaza kwa muda ambao yeye angeimba, afu endelea.